Neno la Bwana Shamba na Ukuta wa Mama Mkwe

Siku moja naikumbuka kuliko hata siku ya harusi yangu, mwanangu. Ni siku bwana shamba alipofika kijijini kwetu Nyantakara, akachimba shimo nyuma ya kibanda changu, akaandika karatasi, na ndani ya karatasi akatia neno moja la Kiingereza. Neno lenyewe ni hili: friable. Nimelipanga herufi kwa herufi kama lilivyokuwa, maana sura yake siisahau. Wenye kulijua hulitamka fraiabo. Sisi hatukulijua, na balaa lote lilitoka hapo.

Sikusimulii ili unionee huruma. Mimi ni mwanamke mwenye majivuno, nilizaliwa nayo na nitazikwa nayo. Lakini majivuno ni kama mbuzi, mwanangu, lazima ujue umemfunga wapi. Wangu siku zile alikuwa hana kamba.

Mimi si mtu wa Nyantakara. Nilizaliwa Mbuba, kule Ngara, kwenye milima. Nikaolewa na Salvatori, nikashuka naye huku Biharamulo, nikiwa na Kihangaza changu na Kiswahili cha sokoni. Ukoo wa mume wangu ulikuwa umekaa porini kwa raha yake, kila mtu na mji wake. Kisha ukaja Ujamaa. Tukaambiwa tukae pamoja, tupate shule na zahanati, kila kaya na kiwanja chake kwenye mstari. Tukahama na kuku, na vyungu, na mama mkwe wangu ambaye alitembea njia nzima bila kusema neno, ameshika jembe lake kama anayekwenda vitani.

Tulianza kwa kibanda cha nyasi. Salvatori akakata miti, akasimamisha nguzo, akafunga fito kwa kamba za mgomba, akaezeka. Ikabaki kukandika tu. Ndipo nduli, yule mtawala wa nchi jirani, alipovamia nchi yetu, na Salvatori, kwa kuwa alikuwa mgambo, akaitwa. Asubuhi ya kuondoka alinivuta pembeni, mama yake asisikie.

"Mama anakohoa," alisema. "Masika isimkute kwenye nyasi, Mama Deo. Nikirudi nimkute ndani ya ukuta."

"Utamkuta," nikamwambia.

Akaenda. Sikujua kama atarudi na miguu miwili, au na mmoja, au kama litarudi jina tu. Hakuna aliyejua chochote miezi ile. Redio ilisema hivi, mtu wa basi akasema vile, na lori la jeshi lilipopita kila mwanamke alisimama barabarani akitazama sura za watu asiowajua. Akili zetu zilikuwa kama uji uliokorogwa na watu wanne. Lakini mimi nilikuwa na jambo moja lililonyooka kichwani: ukuta. Mama wa mume wangu aingie ndani ya ukuta kabla ya masika.

Sasa nikuambie na hili. Shule sikwenda. Kwetu walipelekwa kaka zangu. Lakini kisomo cha watu wazima kilipokuja kijijini, nilikwenda na mtoto mgongoni, nikajifunza a na e na i, nikapewa cheti. Wanawake waliopewa cheti mwaka ule tulikuwa wawili, na mwenzangu akahamia kwa mumewe Geita. Nikabaki peke yangu. Nikakitundika kwenye nguzo ya kibanda, mahali ambapo mtu akija kuomba moto lazima akione. Jirani yangu Skolastika akiniamkia alisema, "Umeamkaje, Mwalimu Mkuu?" Alikuwa ananichokoza, nami nilisikia raha.

Basi siku hiyo bwana shamba akaja kutoka Biharamulo, kijana mwembamba, kaptula ya kaki, kwa baiskeli. Katibu wa kijiji hakuwepo, alikuwa ameitwa mjini kwa mikutano ya vita. Akachimba shimo lake nyuma ya kibanda changu na mengine mawili mbele kidogo. Akatwaa udongo, akauminya kiganjani, akafungua vidole, akautazama, akacheka peke yake kama mtu aliyeonja mchuzi.

"Ardhi yenu nzuri sana, mama," akasema. Akaandika, akanipa karatasi. "Mpe katibu. Mimi nawahi, jua linazama na njia si nzuri."

Akapanda baiskeli. Nilipomaliza kuusoma mstari wa kwanza, maana nilikuwa nasoma kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe, alikuwa ameshapotea. Kiswahili chote nilikisoma. Udongo wa eneo hili ni. Kisha likaja neno lile, nikasimama. Nikarudi nyuma, nikaja tena. Nikasimama pale pale.

Wanawake walikuwa wamesharundikana. Na mzee mmoja, Mzee Andrea, aliyewahi kuwa askari wa Keya wakati wa Waingereza, naye akasogea na mkongojo wake.

"Tusomee, Mwalimu Mkuu," Skolastika akasema. "Wametuandika nini? Tunahamishwa tena?"

Hilo ndilo lililokuwa tumboni mwa kila mtu. Tumehamishwa mara moja; je, karatasi inasema udongo ni mbovu, tubebe vyungu tena?

Nikasoma Kiswahili. Nikafika kwenye neno. Nikalitaja kwa Kihangaza changu, likatoka kama kikohozi.

"Hilo ni tusi," mwanamke mmoja akasema.

"Si tusi," akasema Mzee Andrea. "Mimi nimetukanwa na Wazungu miaka saba. Matusi yao ni mafupi. Neno refu hivyo ni sifa au ni ugonjwa."

"Sasa lipi, mzee? Sifa au ugonjwa?"

"Hapo sijui. Mimi sikuwa askari wa udongo."

Umemsikia mzee yule, mwanangu? Amepigana vita vya watu, amevuka bahari, na amesema sijui mbele ya wanawake, na jua halikuanguka. Mimi mwenye cheti cha miezi tisa nikaona haya kulisema. Macho yote kwangu. Skolastika ameweka mkono kiunoni, anangoja. Nikakumbuka kicheko cha bwana shamba alipouminya ule udongo. Nikakumbuka alivyosema ardhi nzuri sana. Nikaunganisha.

"Maana yake," nikasema, "ni udongo wa daraja la kwanza. Usio na mfano. Unafaa kwa kila kitu."

Mpaka leo nimechanganyikiwa juu ya dakika ile. Sijui kama niliongopa au niliamini. Nimejiuliza nikilima, nimejiuliza nikiwa kanisani. Nusu ya kwanza niliikisia, na kukisia si dhambi kubwa. Lakini lile "kwa kila kitu" nililitoa wapi? Halikuwa kwenye karatasi. Halikuwa kinywani mwa bwana shamba. Lilitoka tu, kwa sababu watu walikuwa wananitazama, na kusema kidogo kulikuwa hakutoshi.

Watu wakashangilia. Katibu aliporudi nikampa karatasi, akaitazama kwa muda mrefu, akasema, "Ndiyo, hii ni lugha ya kitaalamu," akanirudishia niitunze. Naye hakujua. Tukawa wawili tusiojua, kila mmoja akimtegemea mwenzake kuwa anajua. Hivyo ndivyo uongo unavyopata miguu miwili.

Sasa sikiliza jinsi watu wa huku wanavyojenga, maana hapo ndipo nilipojikwaa. Udongo wa kukandika huku hauchimbwi popote. Unafuatwa kwenye kichuguu. Mchwa wameutafuna, wameutema, umeshikana kama unga wa muhogo kwenye ugali. Ukuta wa kichuguu utakuzika wewe na wanao, wenyewe umesimama. Lakini vichuguu vikubwa vilibaki kule porini tulikohama, mwendo wa asubuhi nzima, na debe la udongo kichwani si debe la maji. Wanaume wa kubeba walikuwa wameenda vitani. Tulikuwa sisi, wanawake na wazee.

Nikafikiri: kwetu Mbuba mtu anachimba nyuma ya nyumba yake, anakanyaga, anakandika. Na hapa nyuma ya kibanda changu kuna udongo ulioandikwa na serikali. Wa nini kwenda kuwanyenyekea mchwa?

Mama mkwe alinikuta nimeshachimba shimo la kuingia ng'ombe. Alikuwa mwanamke mfupi, mweusi tii, mwenye maneno machache. Hakuwahi kunipigia kelele hata siku moja. Aliinama akachota udongo, akauminya, akafungua kiganja. Ukasimama kidogo kama tonge. Akaugusa kwa kidole gumba. Ukamwagika wote.

"Mama Deo, huu ni wa maharage," akasema. "Ukuta unafuatwa kichuguuni."

Na mimi nikamjibu, Mungu anisamehe, nikamjibu mwanamke aliyejenga nyumba tano maishani mwake: "Mama, aliyeupima ana vyeti. Na mimi nimesoma."

Alinitazama. Akapangusa kiganja kwenye kitenge chake, akaenda zake kupepeta mtama.

Nilikanyaga tope siku nne. Nikachanganya na nyasi zilizokatwakatwa, nikakandika unene wa shubiri mbili, maana niliona haushiki vizuri nikadhani dawa ni kuongeza. Watu walipita wakatazama. Skolastika akasema, "Kama wa Mwalimu Mkuu unafaa, na wangu unafaa," akachimba kwake. Na mjane mmoja mtaa wa chini, naye akachimba. Nyumba tatu, mwanangu, zilikandikwa kwa neno langu. Zilipokauka zilipendeza kwa macho, rangi ya kahawa. Mpita njia angezisifu, na kweli walizisifu.

Siku mama mkwe alipohamia, aliingia akapitisha mkono ukutani taratibu, kama mtu anayempapasa ng'ombe kabla ya kumnunua. Vumbi likabaki kwenye vidole vyake. Nililiona. Naye aliona kuwa nimeliona. Akasema, "Nyumba yangu imekamilika. Asante, binti yangu." Akatandika mkeka wake.

Masika ikaanza na mvua ndogo, ikafuata kubwa. Siku tatu ikapiga upande wa ukuta wa mashariki. Ya nne, alasiri, nilikuwa bondeni kwenye viazi, nikasikia Deo ananiita kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake. Nilikimbia. Mlango ulikuwa umesimama, paa limesimama, na ukuta wa upande wa mashariki haukuwepo. Ulikuwa umekaa chini. Tope lote la shubiri mbili limemeguka pamoja na nguzo moja, na chini ya nguzo ilikuwa miguu ya mama mkwe, aliyekuwa amekaa hapo akimenya maharage kwa sababu mlangoni mvua ilikuwa inamrushia.

Tulimtoa. Mguu mmoja ulikuwa mzima. Wa pili mfupa ulikuwa umetokeza nje, na nyama imechanika. Hakulia. Aliuliza, "Mtoto yuko wapi?" Tukamwambia Deo ni mzima. Akafumba macho.

Wahenga walisema, asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi nilikataa la mkuu, na guu likavunjika la mkuu mwenyewe. Hilo wahenga hawakulisema, ndiyo maana nakuambia mimi.

Huku kwetu mgonjwa wa kushindwa kutembea hubebwa kwenye machela na wanaume wa mtaa, mabegani, kwa kupokezana. Ni heshima na ni kazi ya wanaume. Siku ile tulibeba wanawake. Skolastika alikuwa mbele yangu, na yeye ukuta wake ulikuwa umeshaanza kupukutika. Nilisikia tu pumzi yake. Tulimfikisha barabarani, lori la vyakula vya jeshi likatuchukua hadi Biharamulo mjini, hospitali.

Huko nilikaa siku kumi. Daktari aliunyoosha mfupa, lakini jeraha likakataa kufunga. Kila asubuhi aliandika kwenye karatasi iliyotundikwa miguuni pa kitanda. Asubuhi moja nilisogea kuitazama, kwa tabia tu ya mtu aliyejifunza kusoma ukubwani. Nilikuwa nasoma hata maandishi ya gunia. Nikaliona. Lile lile. Herufi zile zile, kwa mwandiko mwingine. Friable.

Nilishika chuma cha kitanda. Neno la udongo wangu limefikaje kwenye mguu wa mama? Daktari amejuaje? Au bwana shamba ameandika barua? Nikadhani pengine maana yake ni laana, au ni jina langu mimi kwa Kiingereza, na sasa limenifuata hospitali. Unacheka. Mimi sikucheka.

Akapita nesi, msichana wa makamo yako. Nikamshika mkono.

"Binti, neno hili. Sijui maana yake."

Angalia, mwanangu. Nimelisema. Lilinitoka kama jino.

"Hilo la daktari, mama? Anasema nyama ya pembeni ya jeraha inameguka. Uzi ukipitishwa haushiki, inakatika. Kitu chochote kinachosagika upesi ukikibana kwa vidole wanakiita hivyo."

"Kwa hiyo ni neno baya."

"Hapa kwenye jeraha si zuri. Lakini si baya."

"Na likiandikwa kwa udongo?"

Akatabasamu. Alikuwa mtoto wa mkulima, nikaona. "Udongo? Huo ni tifutifu, mama. Raha ya mkulima. Jembe linazama lenyewe, mizizi inapita."

"Na ukikandikia nyumba?"

"Nani akandikie nyumba udongo tifutifu?" akasema, akaenda kwa mgonjwa mwingine.

Nilikaa kwenye benchi la nje hadi jua likahama. Tifutifu. Neno letu lilikuwepo, hata mama mkwe alilijua kwa kidole gumba bila kulitaja. Fraiabo haikuwa sifa wala tusi. Ilisema tu kitu kinafanya nini ukikishika. Kwa maharage ni heri, kwa jeraha ni tabu, kwa ukuta ni msiba, na neno halijabadilika hata herufi moja. Lilichanganya akili yangu, kukuambia kweli. Nilikuwa nimezoea kwamba kitu kizuri ni kizuri, basi.

Jioni nikamweleza mama mkwe yote. Nikamuuliza, "Mama, ulijua ukuta utaanguka. Kwa nini uliingia?"

Alijivuta, akaegemea chuma cha kitanda.

"Ningekataa kuingia, wangekucheka kijiji kizima," akasema. "Mume wako yuko vitani. Mwanamke anayechekwa na mume hayupo hana pa kujificha. Nikasema labda mvua itakuwa ndogo."

Nikalia. Akaniacha nilie.

"Ungesema tu hujui," akasema baadaye. "Ni neno jepesi. Mimi nimelisema maisha yangu yote na bado mnaniamkia shikamoo. Na siku nyingine wakikuambia kitu ni kizuri, waulize, kizuri kwa kazi gani. Hata mwanangu Salvatori ni mume mzuri, lakini mtume kuchota maji uone."

Tukacheka, mimi na machozi yangu. Dada yake Salvatori akaja kunipokea zamu, nami nikarudi Nyantakara kuchukua unga na maharage.

Nilikuta watu wamejaa kwenye ofisi ya kijiji. Nyumba ya Skolastika ilikuwa imeanguka, na ya mjane pia. Na bwana shamba alikuwa amekuja kwenye mzunguko wake, hajui hili wala lile, wakamshika. Alikuwa ameketi kwenye kigoda, baiskeli yake imewekwa nyuma ya mlango, na mgambo wawili wazee wamesimama na marungu.

"Wakati wa vita," katibu alikuwa akisema, "mtu anakuja kuwaambia wananchi wajengee udongo mbovu. Wanaume hawapo. Nyumba zinaangukia wazee. Huyu ametumwa. Kesho anapelekwa Biharamulo, bomani, akajieleze huko."

"Sikusema mjenge," kijana akasema. Midomo yake ilikuwa mikavu. "Niliandika udongo ulivyo. Kiswahili chake kilinipotea, shuleni tulisoma kwa Kiingereza, nikaandika nilivyofundishwa."

"Uliandika unafaa kwa kila kitu," mtu akapaza sauti nyuma.

"Sikuandika."

"Uliandika. Tulisomewa."

Mwanangu, mwaka ule mtu akisemwa katumwa na adui, hakuulizwa mara mbili. Watu walikuwa na hofu, na mwenye hofu hana mizani. Kijana yule angeenda bomani na huko sijui nini kingempata. Na mimi nilisimama pale mlangoni na mzigo wangu, karatasi ilikuwa nyumbani kwangu, na ukimwacha kijana mwenyewe, ambaye hakuna angemwamini, hakuna mtu kijijini aliyeweza kuisoma na kunikana. Mtu mmoja tu alijua, na alikuwa kitandani, na asingenisema. Ningenyamaza siku moja tu. Salvatori angerudi akasikia kwamba adui ndiye aliyevunja mguu wa mama yake, akanipa pole.

Sikuwa shujaa. Nilifikiri kuondoka. Miguu ilishageuka. Kilichonirudisha ni kitu kidogo tu: nilimwona kijana ameokota udongo ulioanguka kwenye kiatu cha mtu, anauminyaminya vidoleni bila kujua, kama mtu anayehesabu rozari.

"Mwacheni," nikasema.

Wakageuka. Nikaweka mzigo chini.

"Neno lile sikulijua. Siku ile sikulijua, na siku zote sikulijua, mpaka nimeambiwa hospitali. Maana yake ni tifutifu. Udongo wa kulima. Yeye aliandika kweli. Lile la kwa kila kitu niliongeza mimi."

Mvua ilikuwa inadondoka kwenye nyasi za paa, basi.

"Wewe Mama Deo?" katibu akasema.

"Mimi. Na wewe katibu nilikupa karatasi ukasema ni lugha ya kitaalamu. Lakini sikusingizii. Kosa ni langu."

Mzee Andrea akapiga mkongojo chini. "Nilisema sifa au ugonjwa," akasema. "Kumbe ni jembe." Watu wawili watatu wakacheka, na kucheka kule ndiko kulikolegeza marungu. Skolastika hakucheka. Alinijia mpaka usoni.

"Nilikuamini kwa sababu ya cheti chako," akasema. "Ungesema hujui, ningemwamini mama mkwe wako." Akatoka. Hakuniita tena Mwalimu Mkuu maisha yake yote. Ilikuwa kejeli, lakini ilipokwisha niliona baridi.

Bwana shamba akaachiwa. Mimi nikahukumiwa na baraza nibebe udongo wa kichuguu wa nyumba zote tatu, ya mjane kwanza, ya Skolastika ya pili, yangu mwisho. Ilikuwa haki. Nilikwenda porini alfajiri na debe, nikarudi jua la utosi. Shingo hii unayoiona imekaa hivi, si uzee peke yake.

Salvatori alirudi vita vilipokwisha. Alikuta nguzo zetu zimesimama uchi, mama yake anatembea kwa fimbo, mguu mmoja umefupika. Mama mkwe akafungua kinywa aseme ni mvua. Nikamtangulia. Nikamwambia mume wangu yote, sikuacha hata lile jibu la vyeti. Hakunipiga, hakunitukana. Siku mbili hakusema nami neno. Siku ya tatu asubuhi niliamka nikakuta debe halipo. Nikashika njia ya kichuguuni, nikamkuta anarudi, udongo kichwani, viatu vya jeshi miguuni. Hakusimama. Nikageuka, nikamfuata nyuma, tukaenda hivyo hadi nyumbani.

Mwanangu, wewe umesoma kuliko mimi. Utakutana na maneno makubwa kuliko lile, na wengine watakutazama wewe uwaambie maana. Usione haya ya dakika moja ukanunua majuto ya miaka. Kuuliza si ujinga. Ujinga ni kujaza pengo la neno kwa sauti yako mwenyewe. Neno usilolijua liache tupu kama lilivyo, mpaka umpate mwenye nalo. Na ulijualo nusu, lisemee nusu. Nusu ya pili ndiyo inayoua. Kitu kikisifiwa, uliza kinasifiwa kwa kazi gani. Na mzee asiyejua kusoma akiuminya udongo mbele yako, nyamaza utazame kiganja chake. Mwisho, ukikosea, na mwingine ameshikwa kwa kosa lako, usingoje ujasiri ukufikie. Haufiki. Weka mzigo chini, useme.

Mungu aliyenisamehe mimi akukuze. Mizizi yako ipate pa kupita na kuta zako zipate pa kushika. Akupe watu wa kukuambia kweli, na akupe masikio ya kuwasikia kabla ya masika. Nenda na amani yangu, mwanangu.